Umesemaje? Dhamana Nzito ya Watarjumani wa Garissa

Ziko kazi ambazo mtu akizifanya vizuri hakuna amwonaye, na akizifanya vibaya hakuna ajuaye. Kazi ya mtarjumani ni mojawapo. Hakimu akikosea, iko rufani. Karani akikosea hesabu, atakuja mkaguzi azipitie. Lakini mtarjumani akikosea, nani atamsahihisha? Aliyesema hajui kilichopelekwa, na aliyepelekewa hajui kilichosemwa. Wote wawili hurudi nyumbani wakidhani wamesikizana.

Nataka leo, ndugu msomaji, tuizungumze kazi hiyo kwa kuutazama mji mmoja ambao sisi watu wa pwani twaujua kwa jina na kwa joto lake, lakini si kwa ndimi zake. Mji huo ni Garissa, pamoja na nchi iliyo nyuma yake mpaka Dadaab, Wajir na Mandera.

Neno lenyewe ni la safari ndefu. Waarabu husema tarjumani, Wasomali husema turjubaan, nasi twasema mtarjumani, ingawa vitabu vya shule hupendelea mkalimani. Na katika historia ya Kiislamu kazi hii ilipewa heshima tangu mwanzo. Kila aliyesoma sira anamjua Zayd bin Thabit, kijana wa Madina, aliyeamriwa na Mtume (S.A.W.) ajifunze maandishi ya Mayahudi ili barua zao zisomwe na zijibiwe na mtu wa kuaminika. Miaka mia mbili baadaye, huko Baghdad, Hunayn bin Ishaq, tabibu Mkristo aliyefariki mwaka 873, alifasiri vitabu vya tiba vya Wayunani kwa watawala wa Kiislamu. Yeye hakuridhika na nakala moja ya kitabu. Alitafuta nakala kadhaa, akazilinganisha, ndipo akashika kalamu. Basi watu hawa wawili wametuonyesha sharti mbili za kazi hii: uaminifu wa moyo, na taabu ya kuhakikisha. Hebu sasa tuzichukue sharti hizo tuzipeleke Garissa.

NJIA YA MTO TANA

Mtu akitoka Mombasa kwa basi, akapita Malindi na Garsen, kisha akaufuata Mto Tana kwenda juu kupitia Hola, kabla hajavuka daraja la Garissa atakuwa amepita katikati ya lugha ambazo wengi wetu hatuzijui hata kwa majina. Kwanza atawakuta Wapokomo, ambao lugha yao ni jamaa wa karibu wa Kiswahili chetu. Juu zaidi kuna Wamalakote, ambao wenyewe lugha yao huiita Kiilwana. Hiki ni Kibantu kilichokaa jirani na Waoromo na Wasomali kwa muda mrefu hata kikabadilika sauti na sarufi. Mtaalamu Derek Nurse alikitolea kitabu mwaka 2000, pamoja na Kidaiso cha Tanzania. Kando ya malisho wako Waorma na ng'ombe wao. Karibu na mji wenyewe wako Wamunyoyaya, Waislamu wa ukingo wa mto, wakulima na wavuvi, ambao lugha yao ni ya jamii ya Kioromo.

Kusini, upande wa Ijara na msitu unaopakana na Lamu, wako Waaweer, ambao sisi tumezoea kuwaita Waboni. Hawa walizoea kuishi kwa mawindo na asali, hawakufuga ngamia, na mtu akiwatazama tu hangedhani wana uhusiano wowote na Wasomali. Lakini sikiliza maneno yao. Mtaalamu wa Kijerumani Bernd Heine alichapisha mwaka 1978 uchunguzi ulioziweka lugha za Kirendille, Kiboni na Kisomali katika ukoo mmoja. Mawindo na ufugaji viliwatenga, lakini ulimi haukusahau.

Ukipanda kaskazini mambo huzidi. Huko Mandera Wagarre wana usemi wao, na huko Wajir wako Waajuran ambao lugha ya nyumbani kwao ni Kiborana. Hawa wote, wanapofika mbele ya meza ya karani aliyetoka mbali, aghalabu huandikwa neno moja tu: Msomali. Na lugha yao huandikwa Kisomali. Hapo ndipo taabu inapoanza.

LUGHA ZILIZOITWA KWA SWALI

Kisomali chenyewe si kimoja. Yako mafungu makubwa mawili, na majina yake yanafurahisha. Moja huitwa Maxaa tiri, na jingine Maay tiri. Ile x ni hee nzito ya Kiarabu, ile ya neno Muhammad. Maana ya majina haya yote mawili ni moja: “Umesemaje?” Yaani watu wametofautishwa kwa jinsi wanavyouliza mwenzao amesema nini. Sidhani kama kuna mahali pengine duniani ambapo swali la mtarjumani limekuwa ndilo jina la lugha.

Maxaa ndiyo lugha ya wafugaji walio wengi, na ndiyo inayosikika katika redio, pamoja na idhaa ya Kisomali ya BBC iliyoanza mwaka 1957. Maay ni ya wakulima na wafugaji wa kusini mwa Somalia, baina ya mito miwili ya Juba na Shabelle. Msemaji wa Maay aliyekaa mijini ataielewa Maxaa, lakini bibi aliyelima mtama maisha yake yote huenda asielewe hata nusu yake. Mtu akimwuliza kwa Maxaa atatikisa kichwa kwa adabu, na aliye mezani ataandika kwamba amekubali.

Serikali ya Somalia ilipochagua herufi za Kilatini mwezi wa Oktoba 1972 na kuifanya lugha ya maandishi, ni Maxaa iliyowekwa vitabuni. Herufi zile zina mambo yake. Herufi c ni ‘ayn ya Kiarabu, na x, kama nilivyosema, ni ile hee nzito. Kwa hiyo anayeitwa Abdirahman upande wa Kenya huandikwa Cabdiraxmaan upande wa Somalia. Mbele ya Mwenyezi Mungu ni mja mmoja, lakini mbele ya karani asiyejua herufi hizi ni watu wawili, na mmoja wao lazima awe mwongo. Nimemwona mzee ameketi nje ya ofisi moja nisiyoitaja, karatasi mbili mkononi, hii ina c na ile haina, akingoja kuthibitisha kwamba yeye ni yeye.

Nao Wasomali wa Kenya, kwa kuwa masomo yao yalikuwa ya Kiingereza na Kiswahili, wengi wanakisema Kisomali vizuri lakini hawakizoei katika maandishi. Wenzao wa ng'ambo ya mpaka wamewapa jina la utani, na jina hilo ni neno letu: “Sijui”. Husemwa Msomali Sijui, kwa kuwa neno hilo la Kiswahili wamelisikia mara nyingi vinywani mwao. Ni utani wenye mwiba. Huku huambiwa si Mkenya kamili, na kule huambiwa si Msomali kamili.

Mji nao umechanganya ndimi bila kuomba ruhusa. Soko lake moja huitwa Soko Mugdi. Soko ni neno letu, na mugdi kwa Kisomali ni giza. Mtaa mwingine ni Bulla Iftin, na iftin ni mwangaza. Tena kuna Bulla Kartasi, ambayo mtu wa pwani hahitaji kutarjumiwa, kwani kartasi na karatasi ni ndugu, wote watoto wa Kiarabu. Mtaa huo ndio ulioteketezwa kwa moto katika maafa ya Novemba 1980, yaliyoandikwa baadaye katika ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ya mwaka 2013. Kwa watu waliopita katika mambo kama hayo, kuitwa mbele ya meza ya serikali na kutoeleweka si jambo dogo.

NENO DOGO, HATARI KUBWA

Huenda msomaji akauliza: je, si maneno tu haya? Mtu akikosea neno moja, si litafahamika kwa mengine? Natoa mifano mitatu, kila mtu apime mwenyewe.

Wa kwanza ni neno qabiil. Sikio letu la Kiswahili husikia kabila mara moja, na kwa kweli asili ni moja. Lakini Mkenya akiuliza kabila, hutaka kujua kama mtu ni Mpokomo, Mkamba au Msomali. Msomali akiulizwa qabiil, hutaja ukoo wake ndani ya Wasomali wenyewe. Basi karani anauliza hili, mtu anajibu lile, na karatasini kunaingia jina la ukoo mahali pa taifa zima. Nyumba mbili za watu walewale huweza kuonekana kama makabila mawili, na mtu aliyejibu kwa uaminifu akaonekana amejificha nyuma ya jina.

Wa pili ni maneno ya jamaa. Kwa Wasomali, baba mdogo na baba mkubwa ni adeer, na yeye humwita mtoto wa nduguye adeer vilevile. Mama ni hooyo, naye mama humwita mwanawe hooyo. Sisi wa pwani hatushangai, kwani mama zetu pia hutuita “baba” na “mama” wanapotubembeleza. Lakini mgeni anayetafsiri neno kwa neno atamwandika bibi wa miaka sabini kuwa amemwita muuguzi kijana mama yake. Hilo ni la kuchekesha. Lisilochekesha ni neno walaal, yaani ndugu. Kama ndugu yetu, hutumiwa kwa aliyezaliwa tumbo moja, kwa binamu, na hata kwa mtu wa ukoo mmoja. Mkimbizi anapoulizwa juu ya jamaa zake, hutaja ndugu watano. Miaka miwili baadaye mtarjumani mwingine anauliza kwa makini zaidi, na ndugu wa tumbo moja wanakuwa wawili. Faili linafunguliwa, hesabu haikubaliani, mtu anaambiwa amesema uwongo. Hakusema uwongo. Mara ya kwanza hakuulizwa ndugu wa namna gani.

Wa tatu tuupeleke mahakama ya Kadhi. Kwa Kisomali kitendo cha kufungua mlango na kitendo cha kumpa mke talaka ni neno moja: fur. Mume akisema “waan ku furay”, amesema “nimekuacha”. Akisema “waan ku furi doonaa”, amesema “nitakuacha”. Baina ya sentensi hizi mbili ipo nyumba nzima. Ya kwanza ni talaka iliyotoka. Ya pili ni tisho la mtu mwenye hasira. Sasa mweke mtarjumani aliyechoka, au anayeijua lugha nusu, na Kadhi asiyejua Kisomali. Mwanamke yuko pale akingoja kujua kama ni mke au amekwisha kuachwa, kama aanze kuhesabu eda au arudi nyumbani kupika. Sidhani kama kuna msomaji wa ukurasa huu atakayesema tena kwamba ni maneno tu.

DADAAB NA WATU WALIOKUWA NA LUGHA YA TANGA

Mwaka 1991 serikali ya Somalia ilipoanguka, watu walimiminika kuvuka mpaka. Kiasi cha kilomita mia moja kutoka mji wa Garissa, palipokuwa na kijiji cha wafugaji, pakasimama kambi za Ifo, Dagahaley na Hagadera. Zilijengwa kwa watu 90,000. Mwaka 2011, baada ya ukame na njaa, zilikuwa na zaidi ya 400,000.

Miongoni mwa waliokuja walikuwamo watu ambao sisi wa pwani tungestahili kuwatambua wa kwanza. Hawa ni Wazigua wa bonde la Juba. Babu zao walichukuliwa kutoka nchi ya nyuma ya Tanga katika karne ya 19, wakauzwa katika pwani ya Benadir. Wengi walitoroka wakaingia msitu wa Juba, wakalima, wakasilimu, wakaishi huko kizazi baada ya kizazi. Wala lugha hawakuiacha. Mtu wa Handeni akiketi nao leo, watasikizana, kila mmoja akimcheka mwenzake kwa maneno yake ya kale au ya kigeni.

Somalia walidharauliwa kwa nywele zao na pua zao, na kambini dharau ile iliwafuata. Makaratasi yaliwaandika Wasomali Wabantu, pamoja na wengine wa asili mbalimbali, wengi wao wasemaji wa Maay. Lakini Wazigua walikuwa na shahidi wasiyeweza kunyang'anywa. Hawakuwa na hati ya ardhi wala cheti cha kuzaliwa cha miaka mia na hamsini iliyopita. Walikuwa na maneno. Majina ya vyakula, majina ya jamaa, nyimbo na ngoma, yote yalionyesha walikotoka. Baadhi yao walikwenda wenyewe Tanzania, na mwaka 2003 yakafunguliwa makazi ya Chogo katika mkoa wa Tanga, serikali ikawafungulia njia ya uraia. Wamerudi katika nchi ambayo babu zao walitolewa kwa kamba, na kilichowatambulisha ni ulimi.

Wengine walikwenda mbali zaidi. Marekani iliamua mwaka 1999 kuwapokea Wabantu hao kama watu walioonewa, mwaka 2002 wakahamishwa kutoka Dadaab hadi Kakuma kwa mahojiano, na watu wapatao 12,000 wakasafirishwa katika miaka iliyofuata. Huko nako swali la Garissa likawangoja. Ofisi, hospitali na shule za Marekani zilisikia Somalia, zikawaletea watarjumani wa Maxaa. Mgonjwa wa Maay au wa Kizigua akaketi mbele ya daktari, baina yao mtarjumani, na bado hapakuwa na mtu aliyemwelewa. Ilichukua muda kwa watu kutambua kwamba nchi moja si lugha moja. Siku hizi, katika mji wa Boise wa jimbo la Idaho, wanachuo wa chuo kikuu wameketi na Wazigua wenyewe kuiandika lugha hiyo.

Nao Wabarawa tusiwasahau, wenye Chimwini, ambacho ni tawi la Kiswahili chetu la kaskazini kabisa. Wao walifika Mombasa kwa majahazi na vyombo vibovu, na kambi za Mombasa zilipofungwa katika miaka ya 1990 wapo waliohamishwa bara. Katika makaratasi nao ni Wasomali, ilhali tenzi zao za dini, zikiwamo za bibi mcha Mungu Dada Masiti, mtu wa Lamu akitega sikio atazifuata. Mohammad Imam Abasheikh, Mbarawa, na Charles Kisseberth walichapisha mwaka 2004 kitabu kikubwa cha maneno ya Chimwini. Kazi hiyo imeokoa mengi, kwani wasemaji wake leo wametawanyika London, Marekani na kwingineko.

WANAOIFANYA KAZI

Je, ni nani wanaobeba mzigo huu? Duniani viko vyama vilivyoundwa kwa ajili yake. Kimoja ni Translators without Borders, kilichoanzia Ufaransa mwaka 1993 kwa watu wa kazi hii waliotaka kuwatumikia bure madaktari na waokoaji. Mwaka 2012 kilifungua mahali pa mafunzo Nairobi, kwa kuwa kiligundua kwamba vijikaratasi vya afya vilivyoandikwa Kiingereza havimfikii mtu wa kijijini, hata viwe na picha nzuri namna gani. Tangu mwaka 2021 shirika linalokibeba huitwa CLEAR Global. Chuo Kikuu cha Geneva nacho, kwa mpango wake wa InZone, kimewafunza wakalimani miongoni mwa wakimbizi wenyewe wa Dadaab na Kakuma. Mafunzo yao hayakuishia kwenye lugha. Walifundishwa pia adabu ya kazi: kutopunguza, kutoongeza, kutoegemea upande, na kutunza siri.

Hayo ni ya kutia moyo. Lakini kwa kila aliyefunzwa wako wengi wasiofunzwa. Mtarjumani wa kawaida wa Garissa ni dereva, ni mlinzi wa mlangoni, ni jirani aliyepita. Mara nyingi ni mtoto. Katika zahanati moja nilimwona msichana wa kama miaka kumi, sare ya shule mwilini, amesimama baina ya mama yake na tabibu. Tabibu aliuliza jambo la kizazi. Mtoto akanyamaza, akamtazama mama, mama akatazama sakafu. Kisha mtoto akasema mama anaumwa kichwa. Tabibu akaandika dawa ya kichwa. Nani wa kulaumiwa pale? Si mtoto, kwani aliihifadhi heshima ya mama yake kwa njia pekee aliyoijua. Wala si mama. Mama aliletwa mahali ambapo ili apone alipaswa kwanza kuivua siri yake mbele ya mwanawe.

Mzee mmoja aliyeifanya kazi ya utarjumani miaka mingi alinieleza kanuni yake tulipokuwa tukinywa chai ya maziwa ya ngamia. Kabla ya kutarjumu lolote, husema na mtu mambo ya njiani: mvua, mifugo, habari za watoto. Si mazungumzo ya bure hayo. Anausikiliza ulimi. Kama ni Maay, na yeye Maay yake ni ya kubabia, humwambia mwenye ofisi waziwazi kwamba atafutwe mwingine. Alisema kwamba siku hiyo hukosa ujira, lakini hulala usingizi. Nikamkumbuka Zayd bin Thabit.

SHERIA IPO

Wala tusiseme kwamba jambo hili halina sheria. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, kifungu cha 49, yasema anayekamatwa aelezwe sababu kwa lugha anayoifahamu. Kifungu cha 50 kinampa mshtakiwa asiyeielewa lugha ya mahakama haki ya kuwa na mkalimani bila malipo. Na kifungu cha 7 kinaitaka serikali ikuze na ilinde lugha za watu wa Kenya kwa wingi wake. Haya ni maneno mazuri. Lakini lugha anayoifahamu haiwezi kujulikana mpaka mtu aulizwe. Kumletea Mboni mkalimani wa Maxaa, au Mmunyoyaya wa Garissa mkalimani yeyote kwa kuwa tu amevaa kikoi na kofia, ni kuitimiza sheria kwa karatasi na kuivunja kwa sikio.

Nionavyo mimi, yapo mambo matatu yasiyohitaji fedha nyingi. La kwanza, kila fomu ya ofisi, hospitali na mahakama katika kaunti hizi iwe na mstari mmoja juu kabisa, kabla ya jina na kabla ya namba ya kipande: Unasema lugha gani nyumbani kwenu? La pili, mtarjumani alipwe kama mtu wa kazi, afunzwe, aape, na mtoto asitumiwe katika mambo ya ugonjwa wala ya ndoa. La tatu linatuhusu sisi. Wazee wa Kimunyoyaya, wa Kiaweer, wa Kimalakote na wa Kibarawa wangalipo. Kijana mwenye simu anayo mashine ya kurekodia mfukoni, jambo ambalo wataalamu wa zamani walilibeba kwa punda. Na aketi na nyanya yake, amwulize majina ya miti, ya samaki wa mto, ya nyota, ya maradhi. Mambo hayo ndiyo mtarjumani wa kesho atakayoyahitaji.

Sura ya Rum imetaja tofauti za ndimi zetu na rangi zetu kuwa ni miongoni mwa ishara za Muumba kwa wenye ujuzi. Sisi tumezoea kuisoma aya hiyo, na pengine tumezoea pia kumkatia maneno mgeni asemaye Kiswahili cha kuvunjika. Siku akija kwako mtu wa kutoka upande wa Garissa, akakuamkia kwa lafudhi usiyoizoea, usimwulize kwanza ametoka wapi wala ana kitambulisho gani. Mwulize kwao wanasemaje, kisha mpe nafasi ya kujibu.